Shamba la Mtoni na Sahani Isiyorudi Tupu

Alhamisi, mwezi wa Mfungo Pili, 1955

Nilikuwa nataka Bibi ashindwe kesi.

Basi, nshaandika. Sijamwambia Mama, sijamwambia Baba, wala rafiki hata mmoja.  

Sasa ni baada ya sala ya Alasiri. Kipupwe kimeingia, na nyumba yetu ya Kiponda, hapa mjini, ambayo wakati wa kaskazi huwa tanuri, leo ina ubaridi wa kupendeza. Jirani wa chini anakaanga kahawa. Bibi amelala nusu yake ya kitanda changu, kajifunika kanga mpaka kidevuni, na mkono mmoja kaunyoosha upande wangu kama mtu anayemwekea mwenziwe nafasi isitwaliwe.

Namtazama na moyo unanijaa.

Bibi ni mama yake Baba. Watu humwita Bi Mize. Anakaa Mtoni peke yake tangu Babu afariki, kwenye shamba alilorithi kwa baba yake: minazi, mshelisheli mmoja mkubwa, kisima, na safu ya asumini mbele ya baraza. Hapo ndipo nilipokuwa nikipelekwa kila Ramadhani tangu nikiwa mdogo, kwa sababu Mama alikuwa akisema Bibi asifuturu na kuta.

Mwaka jana serikali ilitangaza kuwa inachukua sehemu ile ya Mtoni ijenge skuli. Hakuna aliyebisha. Serikali ikishataka ardhi, imeshataka. Kilichobaki ni kila mtu aende kueleza ana nini pale, na hapo ndipo maneno yalipoanza, kwani huku kwetu mtu anaweza kumiliki mnazi asimiliki udongo uliousimamisha. Mti wa huyu, ardhi ya yule, na wote wawili wakaishi kwa salama mpaka wakazikwa. Basi ikaamuliwa kwamba mwenye ardhi atapewa ardhi nyingine ng'ambo ya barabara, ajenge nyumba yake. Mwenye miti tu atalipwa miti yake, aende zake.

Akatokea Bwana Hemed.

Bwana Hemed ni mtoto wa jirani wa Bibi, na ana duka hapa mjini. Marehemu baba yake alikuwa na shamba kubwa lililopakana na la Bibi. Alisema ardhi iliyo chini ya minazi ya Bibi ni kipande cha shamba hilo, na kwamba baba yake Bibi aliruhusiwa kupanda tu. Sidhani kama alikuwa anasema uongo. Nadhani alipokuwa mtoto alioneshwa kwa kidole, "Huku kote kwetu," na kidole hakioneshi mpaka.

Bibi anasema baba yake aliinunua ardhi ile mbele ya mashahidi wawili, kama walivyonunua watu wa zamani. Mashahidi wote wawili wamelala kwenye makaburi ya Mtoni, na wao hawaitwi mahakamani.

Sasa sikiliza kwa nini nilitaka ashindwe.

Tangu nimalize skuli, siku zangu zimekuwa ndefu. Rafiki zangu wawili wameolewa. Mmoja anasomea ualimu. Mimi ni mtu wa haya, hata skuli mwalimu akiniambia nisome kwa sauti, sauti ilikuwa ikinikimbia, na wenzangu wakinicheka, "Rukia kasoma, nani kasikia?" Siku hizi nimevalishwa buibui na bado najikanyaga upindo. Nashona, nasaidia jikoni, nachungulia dirishani. Kisha Bibi akaja kukaa nasi kwa ajili ya kesi, na chumba changu kikawa na mtu.

Analala anakoroma kidogo kidogo, kama paka. Anatia mlangilangi chini ya mto. Ananisuka nywele huku ananihadithia nani alimkimbia mume na nani alirudi kuomba radhi. Ananiita "bwana mdogo wangu" kwa kuwa namfuata kila aendako. Nikazoea. Nikaanza kupiga hesabu zangu moyoni: akishinda, atarudi Mtoni kwenye ardhi mpya. Akishindwa, hana pa kwenda ila hapa. Nikachagua na msumari wa kutundikia kanga zake.

Hivyo ndivyo nilivyokuwa nikiomba dua yangu, nusu kwa maneno na nusu kwa kunyamaza.

Jumanne ilikuwa zamu ya Bibi kusema. Tulikwenda naye mahakamani Vuga, mimi na Baba, na garini alikuwamo pia Bi Zuwena, mama yake Bwana Hemed. Usishangae. Bi Zuwena na Bibi ni majirani tangu walipoolewa, na huko Mtoni nyumba zao bado ni mlango kwa mlango. Bwana Hemed ndiye aliyewaletea gari, wote wawili, gari moja, mama yake na anayemshitaki. Walikaa nyuma wamebanana, wanatafuna tambuu.

"Mize wee, mwanangu anakutia mahakamani, nawe wanipa tambuu," alisema Bi Zuwena.

"Kesi ya Hemed, tambuu yetu," alisema Bibi. "Sogea, waniumiza goti."

Mahakamani walikaa benchi moja la nyuma na wanawake wengine. Bibi alipoitwa, Bi Zuwena ndiye aliyemrekebishia buibui mabegani.

Wakili wa Bwana Hemed ni mtu mpole, haropoki. Alimuuliza Bibi kupitia kwa mkalimani, kwa kuwa hakimu ni Mzungu: Ni kweli kwamba kila Ramadhani alikuwa akipeleka nazi na sahani ya chakula nyumbani kwa marehemu baba yake Bwana Hemed?

"Naam," alisema Bibi.

"Kila mwaka?"

"Sikuacha hata mmoja." Alisema hivyo na kidevu juu, kwa fahari.

"Kwa nini ulikuwa ukipeleka?"

Bibi akanyamaza.

Wakili akauliza tena. Bibi akamtazama mkalimani, akatazama sakafu, asiseme neno. Wakili akamgeukia hakimu akasema jambo lililo wazi kabisa kwa mtu asiyetujua: mtu anayempelekea jirani mazao kila mwaka bila ya kukosa, na hataki kusema sababu, anapeleka ada. Na ada hupelekewa mwenye ardhi.

Wakili wetu alifumba macho kama mtu aliyeumwa na jino.

Nyumbani Baba hakuweza kujizuia. "Mama, kwa nini hukusema? Wewe ndiye uliyekuwa ukiwafuturisha! Ile miaka mzee wao anaumwa, karafuu zao zimekufa, nani asiyejua Mtoni nzima?"

"Niseme nini?" Bibi alisema. "Niseme nlimlisha Zuwena? Na yeye kaketi pale na watu? Huko ni kumsimanga mtu, mwanangu. Mimi sikumpa Zuwena chakula ili nije nkitaje mbele ya Mzungu."

"Utapoteza ardhi!"

"Ntapoteza ardhi. Sitapoteza adabu."

Baba akavua kofia. Kisha akauliza, kama anayejiuliza mwenyewe, "Na sahani ile alikuwa akiipeleka nani?"

Wote wakanigeukia mimi.

Mimi ndiye niliyekuwa nikiipeleka. Ramadhani baada ya Ramadhani, kabla ya adhana ya Magharibi, sahani ya maua ya buluu yenye ufa ukingoni, imefunikwa kawa ya ukili, na nazi zinatangulia kwa mtu wa shambani. Naijua njia ile hata nikiwa nimefumba macho: unapita kisima, unaruka mfereji, unapiga hodi mlango wa nyuma.

Baba akasema atamwambia wakili niitwe nikaseme. Mama akasema, "Mtoto huyu? Hata dukani hawezi kuulizia pilipili."

Nilifurahi aliposema hivyo. Nakwambia kweli. Nilifurahi kwa sababu niliona njia imefunguka: nisimame pale kizimbani, ninyamaze kama ninyamazavyo siku zote, na hakuna mtu ambaye angenilaumu. Wangesema, maskini, haya zake. Haya zangu zingenifunika kuliko buibui. Na Bibi angebaki.

Sikuhitaji kusema uongo hata mmoja.

Jana mchana Bibi alitia udhu kwa ajili ya Adhuhuri. Sisi tunakaa ghorofani, na maji ya kunawia huyamimina kwenye shimo la choo, yakaenda zake. Lakini Bibi hutilia udhu kwenye beseni. Tangu aje nilikuwa nikimwona akimaliza kusali anakwenda na beseni lake nje ya chumba, sikujali. Jana nikamfuata kwa kuwa nimezoea kumfuata.

Aliteremka ngazi zetu za mawe, zile zinazompa tabu kila mtu mwenye magoti mabaya. Daraja moja, anapumua. Daraja la pili, anashika ukuta. Alifika uani, akavua makubadhi. Pale uani kuna mkomamanga alioupanda mwenye nyumba kwenye debe kuukuu, na pembeni yake pamevunjika saruji, pana udongo wa kutosha nyayo mbili. Bibi akamwagia mti maji yake ya udhu polepole, mpaka tone la mwisho. Kisha akasimama kwenye ule udongo kidogo, miguu mitupu, akafumba macho.

Alisimama hivyo kama mtu aliyefika kwao.

Aliponiona alicheka, akaona haya kama msichana. "Nazoeza miguu," alisema. "Ikikaa sana juu ya mawe itanisahau."

Nilimsaidia kupanda. Njiani akaniambia, "Ruki, baba yako asikutie hofu na mambo ya mahakama. Ukiona huwezi kusema, usiseme. Mimi ntakuja kulala hapa kwako, basi. Si pana msumari wangu pale ukutani?"

Alikuwa ameuona.

 Nilikwenda jikoni nikakuna nazi mpaka nikajikuna kidole.

Leo asubuhi garini walikuwamo wale wale, na tambuu ile ile. Bi Zuwena aliniangalia, akaniita, "Mwari wetu, umenywa chai?" Nikasema nshakunywa, shikamoo. Akasema marahaba, akanishika mkono. Mkono wake ulikuwa baridi. Yeye hawezi kusema neno dhidi ya mwanawe, na asingethubutu kusema kitu dhidi ya Bibi. Nilifikiri, kumbe si mimi peke yangu niliyebanwa katikati.

Mahakamani niliitwa, nikala yamini. Mkalimani, mzee mwenye kofia ya viua, alinitazama kwa huruma. Wakili wetu akauliza kama ni mimi niliyekuwa nikipeleka sahani. Nikafungua mdomo, hakuna kilichotoka. Watu wakasubiri. Nikasikia mtu nyuma anasema, "Maskini." Ile "maskini" ndiyo niliyokuwa nikiingojea. Ningeweza kushuka nayo.

Nikaangalia benchi la nyuma. Bibi alikuwa amevua makubadhi. Nyayo zake zilikuwa juu ya sakafu ya mahakama, zinatafuta udongo usiokuwapo.

"Ndimi," nikasema.

"Sauti, mwanangu," alisema mkalimani. "Hakimu akusikie."

"Ndimi niliyekuwa nikiipeleka."

Wakili akauliza kulikuwa na nini ndani yake. Hapo nikajua kwamba nikijibu, nitamsimanga Bi Zuwena kwa niaba ya Bibi, na Bibi asingenisamehe. Nikasema kitu ambacho sikukipanga. Nikasema, "Bwana, naomba niseme ilirudi na nini."

Mkalimani akamtafsiria hakimu. Hakimu akainamisha kichwa, kukubali.

Kumtaja mtu kwa ulichompa ni kumsimanga. Lakini kumtaja kwa alichokupa ni kumshukuru. Bibi aliulizwa alichotoa. Hakuna aliyemuuliza alichopokea.

Basi nikataja. Nikasema Bi Zuwena alikuwa akiniambia, "Ngoja, sahani hairudi tupu," nami nikingoja juu ya kigoda mlangoni. Mwaka mmoja ilirudi na halua ya Maskati. Mwaka mwingine kaimati, bado za moto, nikala mbili njiani, sijaanza kufunga wakati ule. Mwaka mwingine tende, na mwaka mwingine kipande cha udi, kidogo, kimefungwa kwenye kitambaa. Nikasema na mwaka ule Bi Zuwena alipokwenda ndani akakawia sana, nikamsikia akifungua kabati na kulifunga, akafungua na kulifunga, kisha akatoka kwa mlango wa mbele, akarudi na asumini, akaijaza sahani mpaka ufa usionekane. Bibi alikula futari yake akaiweka asumini ile mbele yake kama chakula.

Sijui sauti ilitoka wapi. Nilikuwa nikimsemesha Bi Zuwena tu, wengine sikuwaona.

Wakili wa Bwana Hemed aliinuka, akaniuliza kwa upole kama mimi, mtoto wa siku zile, ningewezaje kujua kuwa haikuwa ada.

Nikamuuliza, "Kwani bwana, ada hurudishiwa sahani?"

Watu wakacheka. Si kicheko cha skuli. Mkalimani mwenyewe alishindwa, akamweleza hakimu kirefu sana, nadhani alimweleza mila nzima ya sahani, kwa mikono, mpaka hakimu akatabasamu.

Bwana Hemed hakucheka. Alikuwa amegeuka anamtazama mama yake.

Na Bi Zuwena, ambaye katika siku zote hizi hakufungua kinywa mahakamani, akasema kwa sauti chini ya buibui, "Na asumini yenyewe nliichuma kwake! Kwangu haikuwako. Nlipita ubavuni nkachuma kwenye shamba la Mize, nkamrudishia Mize!"

"Mama!" alisema Bwana Hemed.

"Usiniite mama, niite mwizi wa asumini!"

Bibi alikuwa anacheka na kulia pamoja, anampiga mwenziwe kofi la paja. "Nlijua, mwana kupotea wee! Nlikuona kwa dirisha!"

Hakimu aligonga meza, lakini si kwa nguvu.

Wakili wa Bwana Hemed akaomba mapumziko. Kwenye ukumbi wa nje Bwana Hemed alisimama na wakili wake, kisha akamwendea mama yake akainama akamsikiliza muda mrefu. Waliporudi ndani, wakili wake alisema mteja wake hana tena dai juu ya ardhi ya Bi Mize binti Makame. Hakimu akaandika. Hivyo tu. Nilidhani kesi huisha kwa kishindo, kumbe huisha kwa mtu kuandika.

Kabla ya kupanda gari Bwana Hemed alimwamkia Bibi na kumbusu mkono. "Nisamehe, mama mdogo. Mimi nlisikia huku kote kwetu."

"Ni kwenu," alisema Bibi. "Njoo Ramadhani ufuturu. Lakini mpaka wa shamba, ujue ulipo."

Tumefika nyumbani, tumekula, Mama ananiangalia kama mgeni, na Baba amehadithia habari zangu kwa kila aliyebisha hodi. Mimi nimejificha chumbani. Sikusema kwa ujasiri. Nilisema kwa sababu ya nyayo mbili, na sijui nitamweleza nani jambo hilo.

Kesho baada ya Ijumaa Bibi anarudi Mtoni. Atakwenda kuoneshwa ardhi yake mpya, ng'ambo ya barabara, na ameshasema miche ya asumini itahamishwa kabla mlango haujawekwa. Skuli itajengwa pale nilipojifunza kubeba sahani bila ya kumwaga. Nawaombea wasichana watakaosoma pale sauti zisiwakimbie.

Kabla hajalala, alikuwa anakunja kanga zake. Alisimama mbele ya ule msumari akaugusa kwa kidole. Kisha akachukua kanga moja, ya zamani, inayonukia mlangilangi, akaitundika pale, akaiacha.

"Ungenyamaza leo, Ruki," alisema bila ya kunigeukia, "ningekupenda vile vile."

Nikasema, "Naam, Bibi."

Nadhani anajua. Nadhani alijua tangu alipouona msumari. Lakini kujua ni kimoja na kuambiwa ni kingine, na mimi nataka arudi kwake na moyo mweupe, asimame kwenye udongo wake bila ya kunihurumia.

Kwa hiyo wewe uliyesoma mpaka hapa, nakuomba. Ukimkuta Mtoni, mwamkie, kaa, kunywa dafu lake, sifu asumini yake. Mwambie mjukuu wake anakuja Jumapili.

Hilo jingine, la kutaka ashindwe, liache hapa kwangu. Usimwambie.